Kinundu na Shimo la Bibi

Sogeeni hapa. Wewe wa nyuma, toa kidole puani, usikilize.

Leo nawapeleka mbali. Mbali kweli! Tunavuka bahari, tunafika Amerika, kwenye nyika pana isiyo na mwisho.

Huko wako nyati. Si mbogo wetu huyu, mwenye hasira za bure. Nyati wa huko ana manyoya mengi kichwani. Ana ndevu kidevuni. Na mgongoni ana nundu, kubwa kuliko ya ng'ombe yeyote uliyemwona.

Katika kundi moja la nyati hao palikuwa na ndama jike. Nundu yake ilikuwa ndogo, ndogo hivi, kama andazi.

Wakamwita Kinundu.

Ulikuwa wakati wa baridi. Theluji ilianguka. Fuu... fuu... fuu... Ilianguka polepole, bila kelele.

Hujui theluji? Umewahi kukwangua ile barafu nyeupe ndani ya friji, mama asipokuona? Ehee, umewahi! Basi ni hiyo. Lakini nchi nzima.

Majani yote yalifunikwa. Sasa nyati ale nini? Ugali?

Hapana. Nyati huchimba. Huinamisha kichwa kizito mpaka chini. Hukisukuma kulia, fyuu! Hukisukuma kushoto, fyuu! Theluji inaruka, na majani yanaonekana.

Na kundi lina sheria yake: kila kichwa na shimo lake.

Lakini Kinundu hakuwa na shimo. Kinundu hakupenda theluji puani.

"Ni baridi, Bibi! Inawasha!"

Basi bibi yake alichimba, na Kinundu alikula. Kila siku hivyo hivyo. Bibi fyuu-fyuu, Kinundu nyamu-nyamu.

"Deka tu, mke mwenzangu," Bibi alimtania. "Iko siku."

Na siku hiyo ikafika.

Bibi alikanyaga barafu. Teleee... PUU! Akaanguka chini, mzima mzima.

"Bibi! Umeumia?"

"Shingo," alisema Bibi. "Haigeuki kulia. Haigeuki kushoto."

Siku ile Bibi hakuchimba. Siku ile Bibi hakula. Alilala pale pale, kidevu juu ya theluji.

Asubuhi Kinundu alimkimbilia.

"Shikamoo, Bibi!"

"Marahaba, mjukuu wangu."

"Una njaa, Bibi? Juzi ulikula sana."

"Mla ni mla leo," alisema Bibi. "Mla jana kala nini?"

Mama yake Kinundu akaja. Mama ndiye aliyeongoza kundi. Alikuwa na pembe nzuri na macho ya kuona mbali.

"Kesho asubuhi tunahama," alisema Mama. "Tunakwenda bondeni. Kule upepo umefagia theluji. Majani yako wazi."

"Na Bibi?" aliuliza Kinundu.

"Bibi akila leo, kesho atasimama. Atatembea na sisi."

"Asipokula?"

Mama alimtazama Bibi. Kisha akasema kwa sauti ndogo, "Asipokula, hatasimama. Atabaki hapa peke yake."

Moyo wa Kinundu ulidunda. Du, du, du. Aliogopa sana.

"Mchimbie wewe, Mama!"

"Nakwenda kufungua njia, mwanangu. Nisipoifungua leo, kesho kundi zima litakwama. Nitarudi jioni."

Jioni? Jioni ni mbali! Tumbo la Bibi lilikuwa likinguruma tayari. Guuu... guuu...

Kinundu alisimama wima. Miguu minne, nundu moja.

"Basi nitamchimbia mimi."

Mama aliitazama ile nundu. Ndogo, kama andazi. Lakini hakucheka. Alimlamba Kinundu usoni, akaenda zake.

Haya. Kinundu ataanzaje? Hajawahi kuchimba hata mara moja!

Farasi pori alikuwa akipita. Alipiga theluji kwa mguu wa mbele. Kwa! Kwa! Kwa! Theluji ikaruka, akala majani.

"Mjomba Farasi, mbona ni rahisi hivyo?"

"Rahisi sana," alisema Farasi. "Inua mguu, piga. Inua mguu, piga."

Kinundu akainua mguu. Akabaki na mitatu. Mitatu ikateleza, mmoja huku, mmoja kule, mmoja sijui wapi.

Teleee... PWAA!

Farasi alicheka mpaka meno yote yakaonekana. "Samahani, mtoto. Samahani. Lakini hiyo nimeipenda."

Kinundu aliinuka. Theluji ilikuwa imemjaa mpaka masikioni.

"Miguu ni ya kutembelea!" Bibi aliita kutoka pale alipolala. "Sisi tunachimba kwa kichwa, wee mtoto. Kwa kichwa!"

Kwa kichwa? Na ile baridi puani?

Kinundu alimtazama Bibi. Tumbo la Bibi lilinguruma tena. Guuu...

Kinundu akasema, "Siachi! Siachi mpaka nione majani!"

Alikwenda kando kidogo, penye theluji laini. Akafumba macho. Akainamisha kichwa, akakiingiza chini, chubwi!

Ilikuwa baridi! Iliingia puani, ikaingia mdomoni, ikawasha.

"Atchiii!"

Akatoa kichwa. Akatikisa masikio. Akatazama.

Majani hayapo.

"Siachi! Siachi mpaka nione majani!"

Sukuma kulia, fyuu. Sukuma kushoto, fyuu. Kile kichwa kidogo kilikwenda, kikarudi. Shingo ikauma. Pua ikawa ya baridi kama kijiko.

Sukuma kulia, fyuu. Sukuma kushoto, fyuu.

Mara, hilooo! Jani moja. Jembamba, la kahawia. Na la pili lile pale!

"Nimeyaona! Bibi, nimeyaona! Nakuletea!"

Lakini nani huyo anakuja? Tupu, tupu, tupu. Ni Ngurumo, dume kijana, mwenye pembe mpya na maringo mengi.

"Toka hapo," alisema Ngurumo.

"Sitoki. Nimechimba mimi. Kila kichwa na shimo lake!"

"Ndiyo. Na kichwa changu ni hiki."

Ngurumo akamsukuma kwa kichwa. Taratibu tu, lakini Kinundu alibiringika kama mpira. Ngurumo akala. Nyamu, nyamu, nyamu. Akamaliza yote.

"Asante kwa chakula," alisema. Akaondoka.

Hee! Jamani, mnamwona huyo? Mimi nilikasirika, sijui nyinyi.

Kinundu alirudi kwa Bibi. Alilia. Alilia kwa sauti, na machozi yakaganda mashavuni.

"Lia," alisema Bibi. "Ukimaliza uniambie."

Kinundu alilia tena kidogo. Kisha akavuta pua.

"Nimemaliza."

"Vizuri. Sasa chimba hapa. Hapa hapa, mbele ya mdomo wangu."

"Hapo ni pagumu, Bibi! Pagumu kama sakafu!"

"Ndiyo maana Ngurumo hapataki."

"Na nundu yangu ni ndogo."

"Nundu ndiyo inayosukuma kichwa," alisema Bibi. "Na haizaliwi kubwa. Inakua kwa kazi. Unafikiri mimi nilizaliwa na hii?"

Kinundu alitazama nundu ya Bibi. Ilikuwa kama kilima.

"Sikiliza," alisema Bibi. "Bibi yangu alinisimulia, naye alisimuliwa na bibi yake. Zamani nyati tulikuwa wengi. Tulijaa nyika hii yote, huku mpaka kule. Tukikimbia, nchi ilipiga ngoma. Ndu-ndu-ndu-ndu!"

"Ndu-ndu-ndu!" alisema Kinundu.

"Kisha wakaja watu wenye bunduki. Wakapiga na kupiga. Ngoma ikanyamaza. Tukabaki wachache sana, mjukuu wangu. Wachache mno."

Kinundu alisogea karibu. "Hao wachache walifanyaje?"

"Baridi ilikuja. Theluji ilianguka. Waliinamisha vichwa, wakachimba. Wangechoka wakaacha, leo mimi nisingekuwepo. Na wewe usingekuwepo kunisumbua."

Kinundu alitazama ile theluji ngumu. Alifikiri.

Kisha akainamisha kichwa.

"Siachi," alisema. "Siachi mpaka nione majani."

Sukuma kulia, kwaru! Sukuma kushoto, kwaru! Theluji ilikuwa ngumu. Haikuruka. Ilikwanguka tu, kama ukoko wa sufuria.

"Usisukume kwa pua," alisema Bibi. "Sukuma kwa nundu."

"Kwa nundu nitasukumaje?"

"Anzia mgongoni. Lete nguvu shingoni. Kisha kiachie kichwa."

Kinundu alijaribu. Mgongoni... shingoni... kichwani...

Kwaru!

"Tena," alisema Bibi.

Mgongoni... shingoni... kichwani...

Kwaru! Kwaru!

"Tena."

Upepo ulianza kuvuma. Vuuu... vuuu... Theluji mpya ikaanguka. Ilimwangukia Bibi. Ilifunika miguu yake. Ilifunika mgongo wake. Ilifunika nundu yake, ikafunika na kichwa, mpaka Bibi mzima akawa kilima cheupe. Ni mdomo tu na tundu mbili za pua zilizobaki wazi, zikitoa moshi.

"Bibi! Unasikia baridi?"

"Mimi? Na manyoya haya?" alisema kile kilima. "Chimba, usipige domo."

Bandu bandu huisha gogo, wanasema. Na kwaru kwaru je?

Kwaru! Kwaru! Mgongoni, shingoni, kichwani...

KWAAA!

Theluji ngumu ikapasuka. Kipande kikubwa kikaruka hewani. Na chini yake? Chini yake?

Majani! Si moja, si mawili. Kitita kizima!

"Bibi! Bibi! Kula!"

Bibi alinyoosha mdomo. Akang'ata. Akatafuna polepole. Akafumba macho.

"Matamu, Bibi?"

"Yamekauka. Yameganda. Yana mchanga," alisema Bibi. Akameza. "Matamu ajabu."

Kinundu alicheka. Akaendelea kuchimba. Sukuma kulia, fyuu! Sukuma kushoto, fyuu! Shimo likapanuka. Bibi alikula, na Kinundu alichimba. Mambo yamegeuka, mnaona? Kinundu fyuu-fyuu, Bibi nyamu-nyamu.

Lakini nani huyo tena?

Tupu, tupu, tupu. Ngurumo!

Aliona shimo. Aliona majani. Lakini hakumwona Bibi. Aliona kilima cheupe tu.

"Toka hapo," alisema Ngurumo.

Kinundu hakutoka. Alikaza miguu yake minne.

"Hili halichukuliwi."

"Nani kasema?"

"Kasema Kinundu."

Ngurumo aliinamisha pembe zake mpya. Kinundu naye akainamisha kichwa. Pembe hana. Ana vijipele viwili tu. Lakini sasa alijua kitu.

Mgongoni... shingoni... kichwani...

FYUUU!

Theluji yote ikaruka, ikamjaa Ngurumo usoni. Machoni, puani, mdomoni, kote!

"Atchii! Atchii! A... a... atchiii!"

Ndipo kile kilima kikatikisika. Theluji ikaporomoka. Na kilima kikasema:

"Ngurumo. Nani alikufundisha kuchimba?"

Ngurumo aliruka nyuma. Mkia ukasimama. "Kilima kinaongea!"

"Nimekuuliza. Nani alikufundisha kuchimba?"

Ngurumo akafuta macho kwa kupepesa. Akatazama vizuri.

"Ni... ni wewe, Bibi. Shikamoo, Bibi."

"Marahaba. Na nilikufundisha kuchimba, au kunyang'anya?"

Ngurumo aliinamisha kichwa. Si kwa kupigana. Kwa aibu.

"Sikujua ni shimo lako, Bibi. Huyu hakuniambia."

"Hukuuliza!" alisema Kinundu.

Hapo Ngurumo alirudi nyuma hatua moja. Alitazama chini. Alitazama juu. Alikwaruza theluji kwa mguu.

Kisha upepo ukaja, vuuu! Ukataka kulijaza shimo theluji mpya. Ngurumo akasogea. Akasimama upande wa upepo, akawa ukuta.

Theluji ilimpiga yeye. Shimo likabaki wazi.

"Unatusaidia?" aliuliza Kinundu.

"Nimesimama tu," alisema Ngurumo. "Kwani kusimama ni kosa?"

"Si kosa," alisema Kinundu.

Akasimama pale mchana kutwa. Na Kinundu alichimba, akapumzika, akachimba. Sukuma kulia, fyuu. Sukuma kushoto, fyuu.

Jioni Mama alirudi. Alikuwa amechoka, na ndevu zake zilijaa barafu. Alikuja mbio, akiogopa atakachokiona.

Aliona shimo, pana na zuri. Alimwona Bibi, akitafuna. Alimwona Ngurumo, mweupe kama ukuta uliopakwa chokaa.

"Nani amechimba hapa?" aliuliza Mama.

"Mimi," alisema Kinundu. Sauti ilikuwa ndogo, kwa sababu alikuwa na majani mdomoni. Sasa naye alikuwa akila.

Mama alimsogelea mwanawe. Alimlamba Kinundu pua, ile pua ya baridi. Alimlamba tena na tena, mpaka ikapata joto.

Asubuhi kundi likajipanga. Mama mbele, wengine nyuma. Pumzi zao zilitoka kama moshi.

Wote walimtazama Bibi.

Bibi aliinua miguu ya nyuma. Akainua wa mbele mmoja. Akayumba... PUU! Akaanguka.

Kundi likangoja.

Kinundu akamsogelea sikioni. Akanong'ona, "Bibi, unaacha?"

Bibi alimkazia macho.

"Mimi? Nani kasema? Siachi! Siachi mpaka nione bonde!"

Miguu ya nyuma. Mguu wa mbele mmoja. Mguu wa mbele wa pili. Ngurumo akasogea upande huu, Bibi akamwegemea. Kinundu akasogea upande ule. Alikuwa mfupi mno wa kuegemewa, lakini alisogea.

Na Bibi akasimama!

"Tunangoja nini?" alisema Bibi. "Mnataka niwabebe?"

Wakaenda. Mama alifungua njia mbele. Na kila theluji ilipoziba njia tena, Kinundu alitangulia mbele ya Bibi. Sukuma kulia, fyuu! Sukuma kushoto, fyuu! Bibi akapita.

Walipanda. Wakashuka. Wakapanda tena.

Jua lilipokaribia kuzama, waliliona bonde. Hakukuwa na theluji pale. Palikuwa na majani, marefu, ya dhahabu, yakiyumba kwa upepo. Shwaaa... shwaaa...

Kila mmoja alikula akashiba. Mama alikula. Ngurumo alikula, mara hii majani yake mwenyewe. Bibi alikula, na hakuhitaji kugeuza shingo hata kidogo.

Kisha wakalala.

Bibi alijilaza chini, tuu, mgongo kwenye upepo. Kinundu akajikunja tumboni mwake, ndani ya yale manyoya mazito. Palikuwa na joto.

"Bibi," alisema Kinundu, akifumba macho. "Nundu yangu imekua?"

Bibi aliitazama vizuri. Ilikuwa bado ndogo. Lakini kama andazi? Aa-aa. Sasa ilikuwa kama maandazi mawili.

"Imekua," alisema Bibi.

Kinundu akalala. Lakini hata usingizini, kichwa chake kidogo kilikwenda. Kulia, fyuu... Kushoto, fyuu...

"Siachi..." alinong'ona ndotoni. "Siachi mpaka nione majani..."

Bibi alimlamba sikio.

"Umeyaona, mjukuu wangu," alisema. "Bibi ameshiba. Sasa acha, ulale."

Na kichwa kidogo kikatulia.

Haya. Na nyinyi vichwa vyenu kwenye mto. Kulia... kushoto... Kimya.